Kaseti Iliyotiwa Samli

Sifa zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyempa mwanadamu sikio kabla mwanadamu hajaunda redio. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu, aliyetufundisha kwamba upole hauingii katika jambo ila hulipamba. Namshukuru Mola kwa mikono iliyofanya kazi miaka mingi bila kutetemeka, na namshukuru pia kwa macho haya, ambayo mwaka huu yamekataa kuona skrubu ndogo na kunirudisha nyumbani.

Nawaandikia ninyi vijana mliochukua meza yangu hapa Isiolo. Mwezi uliopita nilipita kuwasalimia, nikakuta mmoja wenu amechomeka kisu cha kupaka siagi kwenye mdomo wa mashine ya gemu, anavutana na sahani ya CD iliyokwama ndani. Mstaafu akisema sana watu humuuliza kama amekunywa dawa zake. Nilikwenda dukani nikanunua daftari hili.

Mimi sikukuta mashine za gemu nilipoanza. Nilianza na santuri, mwanzoni mwa miaka ya sabini, katika duka la Fundi Kirimi. Alikuwa Mmeru, Mkristo wa kwenda kanisani kila Jumapili, na redio alijifunza jeshini. Marehemu baba yangu naye alikuwa amevaa buti za jeshi zamani, na kwa sababu ya buti hizo tu wawili hao waliaminiana. Baba alinifikisha mlangoni akasema, "Huyu anajua Kurani na hesabu. Hayo mengine fundisha wewe." Akaenda zake msikitini.

Siku hiyo ya kwanza Fundi Kirimi alikuwa anajaribu gramafoni ya mwenye hoteli. Santuri inazunguka, wimbo umekwisha, sindano inakwaruza patupu karibu na shimo. Nikataka kuonyesha bidii. Nikanyoosha mkono nikaidaka santuri ikiwa bado inazunguka. Sindano ilipiga mstari kutoka katikati hadi ukingoni, safi kabisa, kama barabara ya serikali.

Fundi Kirimi hakupiga kelele. Alizima mashine, akaitazama santuri, akanitazama mimi.

"Kijana ya Mungu," akasema, "nani amekufukuza?"

"Hakuna mtu, fundi."

"Sasa mbona unakimbia? Hiyo kitu ikizunguka si yako. Wacha isimame. Ikisimama yenyewe, shika kwa ukingo na shimo. Huku katikati mwenyewe aliweka wimbo, hakuweka pahali pa vidole yako."

Kwa wiki nzima kazi yangu ilikuwa hiyo moja: kuzima, kungoja, kutoa, kurudisha. Niliona ananidharau. Siku hizi nawaona ninyi mkiihamisha mashine ya gemu kutoka meza hadi meza huku sahani inazunguka tumboni mwake, kisha mnashangaa sahani imechorwa duara jeupe. Ile wiki yangu ya kudharauliwa ingewafaa. Na mkiitoa, kumbukeni tofauti hii: santuri hufutwa kwa kufuata mistari yake, kwa kuzunguka, sahani ya gemu hufutwa kwa mstari ulionyooka kutoka katikati kwenda ukingoni. Sikuambiwa na mtu. Nilijifunza kwa kuharibu moja ya mjukuu wangu, naye bado hajasahau.

Kaseti zilipofika Isiolo, santuri zilianza kulala chini ya vitanda. Kaseti ilikuwa rafiki wa mtu wa safari. Iliingia mfukoni, ilivumilia lori, na mtu asiyejua kusoma aliweza kutuma barua. Hilo ndilo lililobadilisha kazi yetu. Vijana wengi wa huku walikuwa wamekwenda Arabuni kutafuta riziki, na barua zao zilikuja kwa sauti. Familia ilikusanyika kuzunguka redio kaseti, chai ikamiminwa, na kijana aliyeko Jidda akasalimia ukoo mzima, mmoja mmoja, kuanzia bibi. Upande mzima wa kaseti ungeweza kwisha kwa salamu, na habari yenyewe ikawa upande wa pili.

Lakini kaseti ilikuwa na ugonjwa wake. Vumbi letu linaingia kila mahali, na joto linalainisha mpira. Ndani ya redio kaseti kuna mhimili mwembamba wa chuma na kigurudumu cha mpira vinavyoubana utepe na kuusukuma mbele. Mpira ukinata, utepe haupiti. Unajizungusha hapo hapo kama kamba kwenye kigingi, na kaseti haitoki. Mwenye redio anavuta. Akivuta, utepe unakatika au unarefuka, na sauti iliyorefuka hairudi.

Fundi Kirimi alikuwa na utaratibu wake. Toa betri kwanza, hata kama redio imezimwa. Fungua mfuniko. Tazama kwa kioo kidogo, kama cha daktari wa meno, mpaka ujue utepe umezunguka upande gani. Kisha zungusha gurudumu kubwa la nyuma kwa kidole, kinyume na ulivyoingia, pole pole, utepe utoke kwa njia ile ile uliyoingilia. Hakuna kuvuta. Na hakuna kukata. "Ukikata," alisema, "umeamua wewe maneno gani ya mwenyewe si ya maana."

Mimi nilimwongezea kitu kimoja tu, nacho ni mswaki wetu wa mti. Bisibisi ya chuma ikipata sumaku huweza kuula utepe sauti yake, na pia hukwaruza. Nilichonga kijiti cha mswaki kikawa na ncha bapa, nikakitumia kusukuma utepe uliokwama. Fundi Kirimi alikitazama siku tatu kabla ya kukiomba. "Nipe hiyo mti yenu ya meno," akasema. Tangu hapo nilitembea na vijiti viwili, cha kinywa na cha kazi. Niliwahi kuvichanganya mara moja. Cha kazi nilikisafisha kwa spiriti, na spiriti haina ladha nzuri.

Katikati ya miaka ya themanini Fundi Kirimi alichoka na vumbi akarudi shambani kwake Meru. Aliniachia kioo cha meno na meza. Nilikuwa peke yangu dukani Jumatano moja, kabla ya adhuhuri, lori la kutoka Kulamawe liliposhusha abiria na mbuzi, na wanawake wawili wakaja mlangoni. Mkubwa alikuwa Mama Sahra, mjane mwenye duka dogo huko Kulamawe. Mdogo alikuwa binti yake, Ubah. Ubah alikuwa amebeba redio kaseti mikononi kama mtu anavyobeba mtoto mgonjwa, na redio ilikuwa inadondosha mafuta.

"Salaam aleikum, fundi."

"Aleikum salaam, mama. Ingieni, jua ni kali. Hii imeingiwa na nini?"

"Imemeza sauti ya mtoto wangu," Mama Sahra akasema. "Ilikuwa imekauka, ikashika. Nikaipa samli."

"Samli?"

"Ya moto kidogo. Ngozi ikikauka tunatia samli. Sikio la mtoto likiuma tunatia samli. Sasa hii mashine kwani ni nani?"

Katika miaka yangu yote nilikuwa nimekuta mchanga, mende, na mara moja ufunguo wa ghala. Samli ilikuwa mara ya kwanza. Inanukia vizuri, lazima niseme.

Nyuma yao aliingia mzee mrefu mwenye fimbo, akakaa kwenye kiti changu bila kukaribishwa. Huyo alikuwa Jama, ndugu mdogo wa marehemu mume wa Mama Sahra. Ubah alimwita adeer, yaani baba mdogo, nami nikamwita hivyo hivyo kwa heshima. Kwa maneno ya watatu hao, kila mmoja akimkatiza mwenzake, nilipata habari.

Ubah alikuwa ameposwa na watu wawili. Mmoja ni mwalimu wa shule pale Kulamawe, ambaye Ubah na mama yake walimtaka. Mwingine ni mtu mzima mwenye malori, rafiki wa Adeer Jama. Baba hayupo, kwa hiyo walii wa binti, yaani msimamizi wa ndoa yake, ni kaka yake, Yusuf, naye yuko Jidda. Walikuwa wamempelekea kaseti ya kumuuliza, na jibu lake lilikuwa limefika Jumatatu mkononi mwa msafiri. Jumanne walikaa kulisikiliza. Yusuf akasalimia. Akamaliza watu akaanza mifugo.

"Alikuwa kwa ngamia," Ubah akasema, "yule wa mguu mbaya. Halafu akasema, 'Sasa, juu ya hii mambo ya Ubah.' Ikashika hapo."

"Hapo hapo?"

"Hapo hapo. Redio ina akili."

Kaseti nyingine ingechukua miezi kwenda na kurudi. Simu Kulamawe haikuwepo, na Yusuf hakuwa na nambari. Na Ijumaa, baada ya sala, wazee wa yule mwenye malori wangekuja hapa Isiolo kuchukua jibu.

"Sheikh wa kwetu amesema tumsikie Yusuf kwanza," Adeer Jama akasema. "Mimi nimekubali. Lakini Ijumaa ikifika na hakuna neno, nitajibu mimi. Familia haiwezi kukaa mdomo wazi kwa sababu ya redio."

Ubah aliiweka redio mezani, akafuta viganja kwenye nguo yake, akanitazama mimi, si mzee.

Nikasema bismillahi nikatoa betri.

Samli ilikuwa imefika kila mahali. Iliutoa mpira kwenye kunata, ni kweli, lakini iliushika utepe kwa namna yake, ukawa unateleza na kujikunja ndani. Nilizungusha gurudumu la nyuma kwa kidole, nywele kwa nywele, huku kijiti cha mswaki kikishikilia upande. Kaseti ilitoka nzima alasiri ya siku hiyo. Kutoka si kupona. Kama dhiraa kumi za utepe zilikuwa zimelowa, na mahali pamoja, kiasi cha shubiri, palikuwa pamekunjamana kama jani kavu.

Alhamisi asubuhi nilifungua kaseti skrubu zake tano. Nikachukua maji yaliyochemshwa na kupoa, tone la sabuni, na kitambaa laini, nikaanza kuufuta utepe kidogo kidogo na kuutundika kwenye uzi stoo, kivulini. Upepo ulikuwa umeanza na vumbi lake. Nilimwaga maji sakafuni kulituliza. Ubah akavua shali yake ya juu, akabaki na mtandio wa ndani, akaitundika dirishani kuzuia upepo. Alisimama hapo akiishika pembe mpaka adhuhuri. Nilimwambia akae, akasema ameketi vya kutosha kwenye lori.

Adeer Jama alikuwa anaingia na kutoka.

"Fundi, unafanya kazi ama unasoma dua?"

"Yote mawili, adeer."

"Hapo pamekunjika kata tu. Unganisha na gundi. Ni kidogo sana, kama kidole tano. Mtu anaweza kusema nini kwa kidole tano?"

Nawaambia ukweli, kwa sababu daftari hili si la kujisifu. Nilijaribu kuinyoosha ile shubiri kwa kucha, ikakataa. Nilijaribu kwa mgongo wa kijiko, ikakataa. Shingo iliniuma. Ukipiga hesabu ya mwendo wa kaseti, shubiri ni pumzi chache tu za maneno, na mzee alikuwa anasema jambo la maana: afadhali kupoteza pumzi chache kuliko kupoteza barua nzima. Nikachukua wembe. Nikafuta makali yake kwa spiriti. Adhana ya alasiri ilinikuta nao mkononi.

Nikauweka chini, nikaenda kusali. Sikuona ndoto wala ishara. Niliinama na kuinuka kama kila siku, na nilipokuwa navaa viatu nikasikia tu kichwani ile sauti ya Kimeru: nani amekufukuza? Jibu lilikuwa lile lile la siku ya kwanza. Hakuna mtu. Mzee mmoja mwenye fimbo, basi.

Niliporudi, mwenye hoteli alikuwa amemletea Adeer Jama gilasi ya chai, nayo imepoa kidogo, ya vuguvugu. Nikaishika. Ilikuwa laini, ya mviringo, na joto lake lilikuwa lile la mkono wa mtu. Nikaifuta nje, nikaulaza utepe juu ya ubavu wake, nikaupitisha pole pole, mbele na nyuma, upande usio na sauti ukigusa kioo.

"Fundi, hiyo ni chai yangu."

"Imepata kazi, adeer. Agiza nyingine."

Ubah alicheka, mara ya kwanza tangu Jumatano. Ikachukua gilasi tatu. Mikunjo haikuisha, lakini ililala. Jioni niliingiza utepe kwenye ganda la kaseti mpya tupu, nikaufunika, nikaenda nyumbani.

Ijumaa asubuhi tulikaa dukani watu watano: Mama Sahra, Ubah, Adeer Jama, sheikh wa msikiti wa jirani, na mimi. Sheikh alisema wanaoijua sauti ya Yusuf waseme kama ni yake. Niliiweka kaseti katika mashine yangu mwenyewe, ambayo haijawahi kula samli, nikawaambia, "Nitaipitisha mara moja. Sikilizeni."

Sauti ilikuwa kama ya mtu aliyejifunika blanketi, lakini ilikuwa sauti. Ngamia wa mguu mbaya alisalimiwa upya. Mama Sahra akasema, "Ni yeye." Adeer Jama akasema, "Ni yeye." Kisha Yusuf akasema, "Sasa, juu ya hii mambo ya Ubah," na utepe ukaingia kwenye mikunjo. Ukakwaruza, ukapanda na kushuka, na ndani ya mkwaruzo huo tulisikia wote:

"Adeer Jama, wewe ndiye ulinishika mkono tukimzika baba."

Hiyo ndiyo ilikuwa shubiri. Hiyo tu. Mbele yake utepe ulikuwa safi, na Yusuf akaendelea: "Kwa hiyo wakili wangu ni wewe, sina mwingine. Huyo mwalimu, kama Ubah mwenyewe amemridhia, mimi nimeridhia. Muozeshe wewe kwa mkono wako. Na kama kuna ubaya unaijua na mimi siijui, niambie. Nitakusikia."

Nilizima. Kama ningetumia wembe, Yusuf angesikika akisema "wakili wangu ni wewe" bila ya kusema wewe ni nani, na watu wangebishana mpaka leo.

Adeer Jama alikuwa anatazama ncha ya fimbo yake. "Rudisha nyuma," akasema.

"Adeer, huu utepe ni mgonjwa. Hauwezi kupita mara nyingi."

"Rudisha, fundi. Pale pa mkono tu."

Nikaondoa betri zangu, nikatoa kaseti, nikaurudisha utepe kwa kalamu, kwa mkono, nikavirudisha vyote, nikampigia tena. Aliposikia, aliutazama mkono wake wa kulia, akaugeuza, kama anayeuliza ndio huu kweli. Kisha akamgeukia sheikh.

"Nimekubali uwakili."

Sheikh akamgeukia Ubah, akamuuliza kama ameridhika. Ubah akasema ameridhika, wazi, sote tukasikia. Mama Sahra alikuwa analia ndani ya mtandio.

"Na huyo mwalimu," Adeer Jama akauliza, "anajua kukamua ngamia?"

"Anajifunza, adeer."

"Mh. Atapigwa teke."

Baada ya sala aliwapokea wazee wa rafiki yake yeye mwenyewe, akawapa jibu kwa adabu. Urafiki ulipungua, nasikia, ukarudi mvua zilipokuja. Mwezi uliofuata dereva wa lori aliniletea kibuyu cha samli kutoka kwa Mama Sahra, pamoja na ujumbe: hii ni ya kula, si ya redio.

Baadaye zilikuja deki za video, na kaseti kubwa zaidi za kukwama. Nilizitoa kwa njia ile ile. Kisha zikaja hizi sahani zenu zinazong'aa. Ndani ya mashine ya gemu hakuna utepe, najua. Mmeniambia mara nyingi, kwa sauti ya juu, kama mimi ni kiziwi. Lakini kuna kitu kinachozunguka na njia kiliyoingilia. Zimeni. Chomoeni waya. Ngojeni mpaka kimya kiwe kimya kweli. Baadhi ya mashine zina tundu dogo la kufungulia kwa waya mwembamba. Litafuteni kabla ya kutafuta kisu. Kama halipo, fungueni mfuniko, mzungushe meno ya gia kwa kidole, sahani irudi kwa mlango wake. Shikeni kwa ukingo na shimo. Mtoto mwenye sahani hiyo ameweka humo safari ya miezi, na kwake si mchezo.

Kioo cha meno kipo kwenye droo ya kushoto. Kijiti cha mswaki kipo pembeni yake, msikitie kinywani. Wembe nimekwenda nao.

Ewe unayesoma, Mwenyezi Mungu akufungulie kila kilichokukwamia maishani kwa njia ile ile kiliyoingilia, kitoke kizima, bila kukatwa hata shubiri. Amin.